Shajara ya Mradi: Kumwandika Imamu Ibn al-Jazari kwa Kiswahili

Wiki ya 1

Leo kazi imeanza rasmi, na naona ni vyema niandike mapema ni kitu gani hasa tunachokikusudia, ili siku itakapotuelemea tuwe na mahali pa kurejea. Tunakusudia kuandika kitabu kimoja chenye sehemu mbili. Sehemu ya kwanza ni maisha ya Imamu Shamsuddin Muhammad ibn al-Jazari, bingwa wa elimu ya visomo vya Kurani, yaani namna mbalimbali za kuisoma zilizopokewa, aliyezaliwa Damascus mwaka 751 Hijiria na kufariki Shiraz mwaka 833. Sehemu ya pili ni tafsiri na maelezo ya shairi lake la tajwidi (kanuni za kuisoma Kurani kwa matamshi sahihi), al-Muqaddima, ambalo wanafunzi wengi hulihifadhi kabla hata hawajajua mtunzi wake alikuwa nani.

Hilo la mwisho ndilo lililonisukuma. Nimekutana na watu wanaoweza kuzitoa beti zake moja baada ya nyingine bila kusita, lakini ukiwauliza huyo Muhammad bin al-Jazari, mfuasi wa madhehebu ya Shafii, anayejitaja katika ubeti wa kwanza, aliishi wapi na alipitia mambo gani, wananyamaza. Siwalaumu, kwa sababu mimi mwenyewe nilihifadhi sehemu ya shairi hilo nikiwa mtoto, nikazisahau beti nyingi, na sikuwahi kuuliza. Vitabu vya tajwidi vya Kiswahili nilivyovisoma humtaja kwa mstari mmoja kisha huingia moja kwa moja kwenye hukumu za nuni sakina, yaani nuni isiyo na irabu.

Tuko watatu. Mimi naandika, Ustadhi wangu, mwenye ijaza (idhini ya kusoma na kufundisha) ya visomo kumi, atapitia kila neno linalohusu usomaji, na dada yetu mhariri atahakikisha kwamba tunachokitoa ni Kiswahili, si Kiarabu kilichobadilishwa herufi.

Wiki ya 2

Juma zima limekwenda katika jina na tarehe mbili, na sijutii hata saa moja.

Yeye ni Muhammad mwana wa Muhammad mwana wa Muhammad, majina matatu yakifuatana, na msomaji asiyeambiwa atadhani mpiga chapa amekosea. Nisba ya al-Jazari, yaani jina la kuonyesha asili, ilinitega pia. Rasimu yangu ya kwanza ilisema kwamba asili yake ni kisiwani, kwa kuwa neno jazira kwa Kiarabu ni kisiwa, kumbe inakusudiwa Jazirat Ibn Umar, mji ulio kando ya mto Tigris ambao leo unaitwa Cizre na uko Uturuki. Nimeufuta mstari huo na kuuandika upya.

Baba yake alikuwa mfanyabiashara aliyekaa miaka 40 bila kujaaliwa mtoto. Alipokwenda kuhiji alikunywa maji ya Zamzam akimwomba Mwenyezi Mungu ampe mwana mwenye elimu, na mwana huyo akazaliwa usiku wa tarehe 25 Ramadhani, baada ya swala ya tarawehe. Waandishi wa tarehe wanasema ulikuwa usiku wa Jumamosi. Tulikaa na kupiga hesabu: tarehe hiyo inaangukia magharibi ya Ijumaa, 26 Novemba 1350 Miladia, nayo inakubaliana vizuri, kwa sababu katika hesabu ya Kiislamu usiku hutangulia mchana wake. Wazee wetu wa Kiswahili huhesabu hivyo hivyo. Hata hivyo mhariri ameona kwamba vijana wa leo wakisoma "usiku wa Jumamosi" watauweka baada ya mchana wa Jumamosi, basi tumeandika "usiku wa kuamkia Jumamosi", na tatizo limekwisha. Tarehe ya kufariki nayo tumeipima: Ijumaa, 5 Mfungo Sita 833, sawa na 2 Desemba 1429. Siku ya juma imeafiki bila kuilazimisha. Kwa hiyo aliishi miaka 79 ya jua, au zaidi kidogo ya 81 kwa miandamo ya mwezi.

Nimependekeza tutumie majina ya miezi kama yanavyosemwa kwa Kiswahili, yaani Mfungo Sita (Rabi al-Awwal), Mfungo Tatu (Dhul-Hijja) na ndugu zake, na kutaja jina la Kiarabu mara ya kwanza tu. Ustadhi amekubali papo hapo.

Wiki ya 4

Sura ya utoto na walimu imekamilika katika rasimu. Alimaliza kuihifadhi Kurani mwaka 764, akiwa na miaka 13, na mwaka uliofuata akawaswalisha watu. Kisha alisoma visomo kwa mashehe wa Damascus, miongoni mwao Ibn al-Sallar na Ibn al-Labban, akahiji mwaka 768, na mwaka 769 akaingia Misri kutafuta wale ambao mlolongo wao wa upokezi ulikuwa mfupi na imara zaidi.

Hapa nimekaa sana, kwa sababu lipo tukio ambalo kwangu mimi linaeleza elimu hii kuliko kurasa kumi za maelezo. Cairo alisoma kwa Abu Bakr ibn al-Jundi kwa njia inayoitwa jam'u, yaani kukusanya visomo vyote ndani ya khitima moja. Mwanafunzi anapofika kwenye neno lenye tofauti hulisoma kwa namna ya msomaji wa kwanza, akarudi nyuma, akalisoma kwa namna ya wa pili, na hivyo hivyo mpaka namna zote ziishe, kisha ndipo asonge mbele, huku shehe akisikiliza na kumrudisha panapohitajika. Aya moja inaweza kuchukua muda ambao mtu wa kawaida angesoma ukurasa. Ibn al-Jazari alikuwa amefika Suratun-Nahl, kwenye aya ya 90 inayoamrisha uadilifu na ihsani, shehe wake alipougua na kufariki. Khitima ile haikumalizika. Alikuwa karibu na nusu ya msahafu, umri wake haujafika miaka 19, na kile alichokuwa akikipokea hakikuwa na mahali pengine pa kukipokelea kwa mtu yule.

Alisoma tena Cairo kwa Ibn al-Sa'igh na kwa Abdulrahman al-Baghdadi, na elimu yake ikatimia kwa njia hizo. Lakini naamini, na hili nimeliandika wazi kuwa ni maoni yangu, kwamba bidii aliyokuja kuionyesha baadaye ya kuandika kila njia ya upokezi kwa jina la kila mtu aliyemo ilianzia hapo, mbele ya shehe aliyeondoka katikati ya sura.

Ustadhi alipousoma ukurasa huu aliniambia, "Mwanangu, usiuguse tena." Nami sitaugusa.

Wiki ya 5

Marekebisho madogo. Mwaka 774 Ibn Kathir alimpa idhini ya kutoa fatwa. Huyu ni Ibn Kathir mfasiri na mwanahistoria, aliyefariki mwaka huo huo, wala si Ibn Kathir wa Makka, mmoja wa wasomaji saba, aliyefariki mwaka 120. Kwa kuwa wote wawili wamo kitabuni, kuanzia sasa tutaandika "Ibn Kathir mfasiri" na "Ibn Kathir msomaji" bila kuchoka. Faharasa nayo itawatenga.

Wiki ya 7

Sura ya Bursa ndiyo nguzo ya sehemu ya kwanza, na imetutoa jasho.

Kabla ya kufika huko nimeeleza kwa ufupi miaka yake ya ukubwa Damascus: kufundisha chini ya kuba katika Msikiti wa Bani Umayya, kushika nafasi ya ushehe wa wasomaji baada ya mwalimu wake Ibn al-Sallar kufariki, kujenga chuo chake cha Kurani, na kuteuliwa kadhi mwaka 793. Nimetaja pia kitabu chake cha dua, al-Hisn al-Hasin, alichokimaliza mwezi wa Mfungo Tatu mwaka 791 akiwa chuoni kwake, malango ya Damascus yamefungwa kwa vita na yeye mwenyewe anatafutwa na adui. Jina la kitabu maana yake ni ngome madhubuti, na mtu akijua kiliandikwa lini hahitaji kuelezwa kwa nini kikaitwa hivyo.

Mwaka 798 aligombana na wakubwa wa dola ya Misri kwa mambo ya mali, akanyang'anywa alichokuwa nacho, akapanda jahazi Alexandria na kuishia Bursa, makao ya Sultani Bayazid wa Waothmani, ambaye alimpokea kwa heshima kubwa. Mwaka uliofuata, akiwa mgeni katika nchi ambayo lugha yake si Kiarabu, aliandika kazi mbili zilizobeba elimu nzima ya visomo hadi leo. Al-Nashr, kitabu kikubwa cha visomo kumi, alikianza Mfungo Sita mwaka 799 na kukimaliza Mfungo Tatu mwaka huo huo. Tayyibat al-Nashr, shairi la zaidi ya beti 1,000 lenye maudhui yale yale, lilitimia katikati ya Shaabani. Hesabu miezi: shairi lilikamilika kabla ya kitabu chenyewe. Alikuwa akiandika nathari kwa mkono mmoja na kutunga kwa mwingine, na njia za upokezi anazozichambua humo zinakaribia 1,000.

Msomaji wetu anahitaji kujua ni kwa nini palihitajika kazi ya namna hiyo. Ibn Mujahid wa Baghdad, aliyefariki mwaka 324, ndiye aliyewateua wasomaji saba: Nafi, Ibn Kathir, Abu Amr, Ibn Amir, Asim, Hamza na al-Kisai. Imamu al-Shatibi, aliyefariki Cairo mwaka 590, akavitia visomo hivyo katika shairi lake la beti 1,173, na uzuri wa shairi hilo ukawafanya watu wengi wadhani kwamba kisichokuwemo humo si Kurani. Ibn al-Jazari aliiona hatari hiyo. Wasomaji watatu, Abu Ja'far wa Madina, Ya'qub wa Basra na Khalaf wa Baghdad, walikuwa na upokezi usiopungua ule wa wenzao, na yeye alijitwika kazi ya kuwathibitisha kwa majina, kwa vitabu na kwa midomo ya watu.

Kipimo chake kina nguzo tatu: kisomo kiafiki Kiarabu hata kwa namna moja, kiafiki maandishi ya mmojawapo wa misahafu ya Uthman hata kama ni kwa uwezekano tu, na upokezi wake uwe sahihi. Tumetumia siku mbili juu ya nguzo ya tatu, kwa sababu ndani yake kuna jambo ambalo sikutaka lipite chini chini. Katika kitabu chake cha awali, Munjid al-Muqri'in, alishikilia kwamba upokezi lazima uwe mutawatir, yaani wa watu wengi mno katika kila tabaka kiasi kwamba haiwezekani wakaafikiana juu ya uongo. Katika al-Nashr anasema waziwazi kwamba hapo kabla aliuelekea msimamo huo, kisha ubovu wake ukamdhihirikia. Wapo wanazuoni waliokataa mageuzi hayo na kusema kwamba bila tawaturi hapana Kurani, na mjadala huo haujafungwa. Mhariri aliuliza kama tuufiche kwa ajili ya wanafunzi wachanga. Ustadhi alikataa kabla sijafungua kinywa. Imamu mwenyewe ameuandika mbele ya umma, akasema alikuwa hapa akahamia pale, na sisi hatuna haki ya kumsitiri jambo ambalo yeye hakuliona aibu.

Wiki ya 9

Sura ya Timur, mtawala wa Asia ya Kati, imepunguzwa kutoka kurasa 14 hadi 5. Niliposoma habari za vita vya Ankara vya Julai 1402, ambavyo Bayazid alishindwa na kutekwa, kalamu ilinikimbia. Nikawa naandika habari za majeshi, na Imamu akapotea katikati yake. Yanayohitajika ni machache. Timur alimkuta Ibn al-Jazari katika nchi ya mshindwa, akamchukua hadi Samarkand, naye huko akafundisha na kukutana na wanazuoni wakubwa kama al-Sharif al-Jurjani. Timur alipofariki Februari 1405, aliteremka kupitia Herat, Yazd na Isfahan mpaka Shiraz, ambako mtawala wake, mjukuu wa Timur, alimzuia na kumlazimisha ukadhi. Jina la Shiraz si geni katika sikio la msomaji wa Kiswahili, na nadhani atafurahi kulikuta hapa likiwa na sura nyingine: mji ambao Imamu aliujengea chuo cha Kurani, na ambamo ndani ya chuo hicho alizikwa.

Wiki ya 10

Kipande cha Unayza, mji wa Najd katika Uarabuni, kimekamilika, na ndicho kipande nilichokiandika kwa moyo mzito kuliko vyote.

Mwaka 822, akiwa na umri wa kama miaka 70, alitoka kupitia Basra akikusudia hija. Katika ardhi ya Najd, usiku, mabedui waliuvamia msafara. Hawakuacha kitu, naye akaponea chupuchupu kuuawa. Alirudishwa Unayza, hija ikampita mwaka ule, na akakaa hapo akingoja mtu wa kumchukua. Katika hali hiyo alitunga al-Durra, shairi la visomo vitatu vinavyokamilisha saba za al-Shatibi zipate kuwa kumi, kwa bahari (mizani ya shairi) ile ile na kina kile kile cha lamu alichokitumia al-Shatibi, ili mwanafunzi ayaunganishe mashairi mawili kama kamba moja. Katika beti za mwisho anaeleza mwenyewe kwamba shairi ni geni lisilo na makwao, limetungwa Najd, fikra zikiwa zimejaa mashaka, naye amezuiwa kuifikia Nyumba Tukufu na kumzuru Mtume (S.A.W.).

Tumepima hesabu za abjadi zilizomo, ambamo kila herufi ya Kiarabu ina thamani yake ya tarakimu, na nazinukuu hapa ili asiyeamini apige mwenyewe. Anamwambia msomaji ahesabu neno al-Durra apate idadi ya beti: alifu 1, lamu 30, dali 4, rei 200, hei 5, jumla 240. Mwaka ameuficha katika maneno adhwaa hajji, ambayo yanabeba maana ya kung'aa na ya hija: alifu 1, dhwadi 800, alifu 1, hei ya kooni 8, jimu 3, yei 10, jumla 823. Mtu ameibiwa kila kitu, hija imempita, na neno analolichagua kutilia tarehe ni la hija ing'aayo, kisha anaongeza kwamba ni kwa kutarajia heri. Hija hiyo aliipata mwaka wa 823.

Nilimsomea Ustadhi ukurasa huu kwa sauti. Vitabu vyake vilichukuliwa, lakini al-Shatibi mzima alikuwa kifuani mwake, na tofauti zote za wale watatu zilikuwa kifuani mwake; mabedui hawakuwa na njia ya kuzifikia. Hilo nimeliandika kama lilivyo bila kulipamba.

Wiki ya 13

Tumeingia sehemu ya pili, na hapa ndipo Kiswahili chenyewe kimetukamata shati.

Al-Muqaddima ina beti 107, na idadi hiyo imo katika ubeti mmoja wa mwishoni unaopatikana katika nakala nyingi: kafu 100 na zei 7. Imetungwa kwa bahari ya rajazi, kila ubeti ukiwa na kina chake. Nilishawishika kuifanya utenzi wa mizani nane, kwa kuwa utenzi ndio chombo ambacho Kiswahili kimefundishia dini kwa karne nyingi. Nikajaribu ule ubeti maarufu usemao kwamba baina ya kuipata tajwidi na kuikosa hakuna ila mtu kulizoeza taya lake:

Aipataye tajwidi,
na mwenye kuikaidi,
tofauti ni juhudi
ya taya kulizoeza.

Mizani imetimia na vina vimekaa. Lakini Ustadhi aliweka kidole kwenye mstari wa pili akauliza, "Ukaidi umeutoa wapi?" Nilikuwa nimeutoa kwenye kina. Imamu hakusema kwamba anayekosa ni mkaidi. Alisema tu kwamba hajazoeza taya, na hayo ni maneno ya mwalimu anayempa moyo mwanafunzi, wakati yangu yanamshutumu. Katika matini ya hukumu, neno moja lililoingia kwa ajili ya vina linaweza kumfundisha mtu hukumu isiyokuwepo. Tumeamua: tafsiri itakuwa ya nathari, ubeti kwa ubeti, na Kiarabu kitakaa ukurasa wa mkabala.

Tatizo la pili ni kubwa zaidi, nalo liko ndani ya herufi zetu mbili, d na h. Kiswahili kimepokea maneno mengi ya Kiarabu yenye herufi tatu mbalimbali, na zote tatu tumezikusanya katika sauti moja. Dhahabu, adhabu na idhini zimetoka kwenye dhali. Ramadhani, kadhi na radhi zimetoka kwenye dhwadi. Dhuluma, adhuhuri na hifadhi zimetoka kwenye dhwaa. Kwa mazungumzo yetu hakuna ubaya wowote, na lugha ina haki ya kupokea maneno kwa ulimi wake. Lakini mtoto anayekua akisema maneno haya yote kwa dh moja anapofika kwenye Suratul-Fatiha, ambayo ina dhali katika alladhina na dhwadi mara mbili katika aya yake ya mwisho, ulimi wake tayari umeshaamua kwamba ni kitu kimoja.

Sasa tazama: Ibn al-Jazari ameitengea dhwadi na dhwaa mlango mzima katika shairi fupi la beti 107. Anaamrisha zitenganishwe kwa mahali zinapotokea na kwa sifa ya urefusho, kisha anayaorodhesha maneno ya Kurani yenye dhwaa ili mengine yote yajulikane kuwa ni dhwadi. Na katika al-Nashr anasema kwamba hakuna herufi nzito kwa ulimi kama dhwadi, na kwamba ni wachache wanaoitoa sawasawa: yupo anayeifanya dhwaa, yupo anayeichanganya na dhali, yupo anayeigeuza lamu nene, na yupo anayeitia harufu ya zei. Kwa hiyo kosa hili si la ulimi wetu peke yake. Aliliona miaka zaidi ya 600 iliyopita kwa watu aliokutana nao, na ninaona faraja ndani yake, kwa sababu mwanafunzi wetu ataelewa kwamba anasumbuliwa na kile kile kilichowasumbua wenzake.

Nimeandika maelezo mara nne. Yaliyopita mtihani wa Ustadhi ni haya: dhali na dhwaa hutoka mahali pamoja, ncha ya ulimi ikigusa ncha za meno mawili ya juu ya mbele, ila dhwaa ulimi huinuka nyuma na sauti ikajaa kinywani, dhwadi haihusiani na ncha ya ulimi, bali hutoka kwenye ubavu wake unapokutana na magego ya juu, kushoto au kulia, na sauti hupita ikijivuta. Anayetoa ulimi nje ya meno anaposoma dhwadi, ameshasoma herufi nyingine.

Kuhusu maandishi, tumeamua kutumia dhw kwa herufi nene, kama wengi wanavyoandika swala na twahara. Ile w si sauti kamili, ni alama ya unene tu, na tumeonya hivyo katika utangulizi, kwa maana wapo wanaoitamka kwa midomo iliyochongoka.

Wiki ya 14

Jambo dogo la madd munfasil, yaani kurefusha irabu ndefu ya mwisho wa neno inapofuatwa na hamza mwanzoni mwa neno lijalo. Wengi wa wasomaji wetu husoma riwaya ya Hafs, mwanafunzi wa Asim, kwa njia ya al-Shatibi, na hapo madd hiyo hurefushwa harakati (kipimo cha irabu fupi) 4 au 5. Wanaposikia msomaji akiifupisha hadi harakati 2, hudhani amekosea. Ufupisho huo unapatikana kwa Hafs katika njia za Tayyibat al-Nashr, lakini unakuja na masharti yake katika maneno mengine, na mtu hachukui ufupisho akayaacha masharti. Tumeliandika kwa aya moja, tukamwelekeza msomaji kwa mwalimu wake. Kwa kitabu cha ngazi hii inatosha.

Wiki ya 16

Nilikuwa nimepanga kumtaja Salma binti Ibn al-Jazari kwa sentensi moja. Sasa ana kurasa tatu.

Katika Ghayat al-Nihaya, kitabu chake cha wasifu wa wasomaji chenye wasifu zaidi ya 3,900, Imamu amemwandikia binti yake wasifu kama alivyowaandikia mashehe. Anasema alianza kuihifadhi Kurani mwaka 813, akahifadhi al-Muqaddima na kuisoma mbele yake, akahifadhi Tayyibat al-Nashr yote, kisha akaisoma Kurani kwa kichwa kwa visomo kumi na kutimiza mwaka 832. Alijifunza aruzi (elimu ya mizani ya mashairi) na sarufi, akaandika hati nzuri, na akatunga mashairi kwa Kiarabu na Kiajemi. Baba hakusema kwamba alisoma vizuri kwa kiasi cha mwanamke. Ameandika alichokihifadhi na mwaka aliokitimiza, kama kwa mtu yeyote. Khitima hiyo ya visomo kumi ilitimia takriban mwaka mmoja kabla ya baba kufariki, yaani alipokuwa na miaka themanini bado alikuwa akikaa na kusikiliza.

Mwanawe Ahmad naye tumempa nafasi yake, kwa kuwa aliziandikia sherehe, yaani maelezo, al-Muqaddima na Tayyiba, na anayetaka kujua baba alikusudia nini katika ubeti fulani huanzia kwake.

Katika kitabu hicho hicho umo wasifu wa Ibn al-Jazari mwenyewe, alioandika kwa kalamu yake, na mwishoni mwanafunzi mmoja ameongeza habari za kifo na za jeneza ambalo watu wa kila tabaka walikimbilia kulibeba. Mkono unabadilika katikati ya ukurasa. Chapa ya Cairo tunayoitumia ilianza kutolewa mwaka 1932 na Gotthelf Bergsträsser, naye akafariki mwaka 1933 na kazi ikamaliziwa na Otto Pretzl. Nakala yetu ya picha tuliyoipata kutoka maktaba moja ilikuwa imekosa kurasa nane za juzuu ya pili. Tumezipata kwingine, na sehemu ya Salma imehakikiwa.

Wiki ya 18

Sura ya urithi imefika mwisho wa rasimu. Ndani yake nimefuata njia moja tu ya upokezi badala ya kutaja kumi kwa juujuu. Ridwan al-Uqbi alipokea kutoka kwa Ibn al-Jazari. Zakariyya al-Ansari, aliyefariki mwaka 926, akapokea kutoka kwa Ridwan na akaiandikia al-Muqaddima sherehe fupi ambayo bado inasomeshwa. Na kuanzia kwa Zakariyya mlolongo unateremka Misri kizazi baada ya kizazi mpaka kwa mashehe wa zama zetu. Ustadhi alileta ijaza yake, akaitandaza mezani, tukapitisha kidole jina kwa jina kutoka chini kwenda juu. Jina la Ibn al-Jazari lipo pale, na mlolongo unaendelea kupanda kupitia walimu wake wa Damascus na Cairo. Visomo kumi kwa njia ya Tayyiba havipokelewi leo ila kupitia kwake. Wanafunzi wake walikuwa Damascus, Cairo, Bursa, Samarkand, Shiraz na Yemen, ambako alipita mwaka 828 na wanazuoni wakamsikiliza, na kila safari aliyolazimishwa iliacha nyuma yake watu wenye ijaza.

Yaliyobaki: faharasa, ramani moja ya safari zake, na mlango wa vituo, yaani mahali pa kusimama katika usomaji, katika sehemu ya pili, ambao bado haujanisomeka vizuri kwa Kiswahili, hasa tofauti ya kituo kamili na kituo cha kutosha. Mhariri anataka rasimu yote mwishoni mwa mwezi ujao. Ustadhi ameweka sharti lake: kabla ya sehemu ya pili kutoka mikononi mwangu, nimsomee beti zote 107 kwa kichwa, kwa sababu, anasema, haiwezekani nikawafafanulia watu shairi ninalolisoma kwa kutazama. Tunakutana kila siku baada ya swala ya alfajiri. Leo nimefika mwanzo wa mlango wa dhwadi na dhwaa, na amenirudisha mara sita katika neno la kwanza.